Takashi Shimura na Adhama ya Nafasi ya Pili

Katika kila sanaa inayotendwa na watu wengi kwa pamoja, na filamu ni mojawapo ya sanaa hizo, macho ya umma hupenda kumtafuta mtu mmoja wa kumpa sifa zote, naye aghalabu huwa ni yule ambaye watazamaji wetu humwita steringi: shujaa ambaye sura yake huchorwa kubwa katika tangazo la ukutani, na ambaye jina lake hutangulia majina ya wenziwe. Waliobaki, wale wanaoigiza daktari, askari wa upelelezi, baba wa bwana arusi, karani, mwenye duka, mtawa na jirani, hutumika na husahauliwa kabla taa za ukumbi hazijawashwa, na hata mtazamaji aliyewapenda mara nyingi hutoka nje bila ya kuyajua majina yao. Nataka leo kumzungumzia mmoja wa kundi hilo la pili, Mjapani Takashi Shimura, aliyeonekana katika filamu zaidi ya 200 tangu miaka ya 1930 hadi karibu na kufa kwake mwaka 1982, kwa sababu kazi yake inatoa ithibati ya jambo ambalo watoaji wa tuzo na waandishi wa tarehe ya filamu hawajalikubali kwa moyo mkunjufu: kwamba nafasi ya pili ina ufundi wa namna yake na kanuni zake, na kwamba mwenye kuumiliki ufundi huo, siku akiitwa mbele, aweza kufanya ambalo steringi wa kuzaliwa hawezi kulifanya.

Shimura alizaliwa tarehe 12 Machi 1905 katika mji wa Ikuno, mkoa wa Hyogo, mji uliojulikana kwa machimbo yake ya fedha. Nasaba yake ilikuwa ya samurai, walakini zama za samurai zilikuwa zimekwisha, na baba yake alikuwa mtu wa mshahara katika machimbo hayo. Alipofikia umri wa elimu ya juu aliingia Chuo Kikuu cha Kansai huko Osaka kusoma fasihi ya Kiingereza, na uwezo wa nyumbani ulipopungua akahamia masomo ya jioni, mchana akitumika katika idara ya maji ya manispaa ya Osaka. Huko chuoni ndiko alikoshikwa na mapenzi ya tamthilia, na mapenzi hayo yakamla saa za kazi hata ajira ikamponyoka. Msomaji na aiweke habari hii akilini, kwa kuwa mtu ambaye robo karne baadaye angeigiza mtumishi wa manispaa kwa namna ambayo haijapata kupitwa, alikuwa mwenyewe amekaa nyuma ya meza ya manispaa, ameyaona majalada yakipanda na kushuka, na ameijua harufu ya afisi ambayo mambo huingia ndani yake yakiwa hai na kutoka yakiwa maiti.

Vikundi vya jukwaani alivyovitumikia vilifilisika, naye akageukia studio za filamu, kwanza Shinko na baadaye Nikkatsu, ambako waigizaji wa mkataba walipangiwa kazi mfululizo, mradi mavazi yaliwatosha. Mwaka 1936 mwongozaji Kenji Mizoguchi alimpa nafasi ndogo ya mpelelezi katika Naniwa Erejii, na mwaka 1939, katika filamu ya nyimbo iitwayo Oshidori Utagassen, Shimura aliimba kwa sauti nzuri na ya raha ambayo watu wanaomjua kwa filamu zake za baadaye hustaajabu wakiisikia. Katika miaka hiyo ya ubabe wa kijeshi, polisi wa siri waliomsaka kila mwenye fikira zisizopendwa na dola walimtia kizuizini kwa muda wa wiki tatu hivi, kwa sababu ya mafungamano yake ya zamani na watu wa tamthilia wa mrengo wa kushoto. Vita vilipokwisha, na Akira Kurosawa akatengeneza mwaka 1946 filamu juu ya wanafunzi na walimu walioonewa na utawala ule, afisa wa polisi wa siri aliigizwa na Shimura. Hakumfanya afisa yule kuwa jini; alimfanya mtu mpole wa maneno, mwenye subira, anayejua kwamba saa ya ukutani iko upande wake, na kwa hiyo akatisha zaidi ya mtu wa makelele. Naona katika uamuzi huo tabia yote ya msanii huyu, maana mwenye kisasi angeigiza chuki yake mwenyewe, ilhali Shimura aliigiza alichokiona.

Kurosawa alikwisha kumtumia tangu filamu yake ya kwanza kabisa, Sugata Sanshiro ya mwaka 1943, ambamo Shimura ni mwalimu mzee wa mieleka ya jujutsu anayeshindwa na kijana, na tangu hapo hawakuachana. Katika filamu 30 alizoziongoza Kurosawa, Shimura yumo katika 21. Toshiro Mifune, ambaye dunia nzima humtaja kama ndiye mwigizaji wa Kurosawa, yumo katika 16. Naitaja hesabu hii bila ya nia ya kumpunguzia Mifune chochote, kwa kuwa alikuwa mwigizaji wa shani ambaye kamera ilimpenda kuliko nafsi yake. Naitaja kwa kuwa inaonyesha ni nani mwongozaji yule alimhitaji hata pale ambapo hakuwa na nafasi kubwa ya kumpa.

Wawili hao walikutana kwa mara ya kwanza mbele ya kamera ya Kurosawa mwaka 1948, katika Yoidore Tenshi, yaani Malaika Mlevi. Mlevi huyo ndiye Shimura: daktari wa mtaa wa maskini, mchafu wa mavazi, mkali wa ulimi, ambaye anagundua kwamba jambazi kijana aliyekuja kutolewa risasi mkononi ana kifua kikuu, na ambaye tangu saa ile anamwandama kwa matusi na huruma ili amponye kwa nguvu. Jina la filamu ni la daktari, na kisa kilitungwa kumzunguka yeye, lakini Mifune aliingia ndani yake kwa nguvu ambayo hakuna aliyeitarajia, akachukua macho ya wote. Mwigizaji mwingine, mwenye umri wa miaka 43 na kazi ya miaka mingi nyuma yake, akimwona kijana wa miaka 28 akimpokonya filamu mikononi, angepandisha sauti, angezidisha ishara, angetafuta njia ya kusimama mahali penye mwanga. Mtazame Shimura katika matukio yale ambayo Mifune anachemka, na utaona kwamba anafanya kinyume chake: anatulia, anamtazama kijana kwa jicho la tabibu, anayapokea matusi, mara anarusha chupa kwa hasira ya ghafula, kisha anarudi katika kumtazama. Ni kwa sababu ya kutazamwa namna ile ndipo sisi tunapomwona jambazi kuwa ni mgonjwa na mtoto wa mtu. Nusu ya sifa ambayo Mifune aliipata katika filamu ile ilitengenezwa katika uso wa yule aliyekuwa akimsikiliza.

Hapa ndipo ulipo ufundi ninaousema. Kusema maneno ya mchezo ni kazi ambayo mwenye kipaji na hifadhi nzuri huiweza. Kusikiliza mbele ya kamera ni jambo zito zaidi, maana msikilizaji hana neno la kujifunika nalo, na akifanya kidogo anakuwa gogo, akizidisha anakuwa mwizi wa tukio la mwenziwe. Katika Nora Inu ya mwaka 1949, filamu ya mpelelezi kijana aliyeibiwa bastola yake ndani ya basi katika joto kali la Tokyo, Shimura ni mpelelezi mkongwe anayeitwa Sato, na mbinu yake yote ya upelelezi ni kusikiliza. Anamhoji mwanamke wa magendo ya bastola, naye haulizi kwa vitisho. Anakaa naye kama jirani, wanakula barafu, wanavuta sigara, na maneno yanatoka yenyewe. Baadaye anamchukua kijana nyumbani kwake, katika nyumba ndogo ambamo watoto wamelala, wanakunywa bia, na kijana anamwaga majuto yake kwa ajili ya mhalifu ambaye maisha yake yanafanana mno na ya kwake. Sato anamjibu maneno machache ya mtu aliyekwisha kuona mengi. Mzigo wa tukio umo katika utulivu wa mwili wake, bega lililolegea, shati lililolowa jasho, mkono unaopepea bila ya haraka, na kwa utulivu huo tunajua, bila ya kuambiwa, kwamba mtu huyu naye aliwahi kuwa na majuto kama yale na akapata njia ya kuishi nayo.

Mwaka uliofuata, katika Rashomon, ambayo ilipata tuzo ya Simba wa Dhahabu huko Venice mwaka 1951 na kuifungulia sinema ya Japani milango ya dunia, kila mtu alimsifu Mifune na Machiko Kyo, nao walistahili. Lakini kisa kinasimuliwa chini ya lango bovu, katika mvua, na mkata kuni ambaye ni Shimura, mtu aliyeshuhudia na ambaye ushahidi wake wenyewe una doa. Na pasipo uso wake wa bumbuazi kati ya simulizi moja na nyingine, simulizi zile nne za mauaji zingekuwa mchezo wa akili tu, zisiumize mtu.

Ikiru, iliyotoka mwezi wa Oktoba 1952, ndiyo mizani ya hoja yangu, na juu yake nitakaa zaidi. Mhusika wake, Kanji Watanabe, ni mkuu wa idara ya raia katika afisi ya manispaa, mgane aliyemlea mwanawe peke yake, ambaye kwa karibu miaka 30 hakukosa kazini hata siku moja, na ambaye katika miaka hiyo yote hakutenda jambo ila kupiga muhuri juu ya karatasi zilizoletwa na kuziweka juu ya karatasi nyingine. Filamu inaanza kwa picha ya eksirei ya tumbo lake, na msimulizi anatueleza kwamba tumbo hili lina saratani, kwamba mwenyewe hana habari, na kwamba hakuna haja ya kumsimulia bado kwa kuwa ni kama mtu asiyeishi. Akina mama wa mtaa mmoja wanakuja kulalamikia dimbwi la maji machafu linalowaletea watoto wao maradhi. Wanapelekwa idara hii, wanaelekezwa idara ile, wanazungushwa manispaa nzima hata wanarudishwa palepale walipoanzia. Watanabe yumo ndani ya mzunguko ule, ameinamisha kichwa juu ya muhuri wake, wala hawaoni.

Jiulize sasa ni mwigizaji wa aina gani awezaye kubeba filamu ya dakika 143 akiwa mtu asiyeonekana. Steringi hawezi, kwa kuwa ustadi wake wote umejengwa juu ya kuonekana. Hata akikunja mgongo na kuvaa miwani, tunangoja atakapojinyoosha. Watanabe ni mtu aliyekuwa mhusika mdogo katika maisha yake mwenyewe, na Kurosawa na wenziwe wawili katika uandishi, Shinobu Hashimoto na Hideo Oguni, ambao wazo lao la kwanza lilitokana na kisa cha Tolstoy juu ya mauti ya Ivan Ilyich, walihitaji mtu ambaye anajua kwa mwili wake jinsi ya kukaa pembeni. Shimura alikuwa na umri wa miaka 47 alipomwigiza mzee huyu. Alimjenga kutoka mgongoni: shingo iliyoingia mabegani, hatua fupi za mtu anayeomba radhi kwa kuchukua nafasi njiani, sauti iliyofifia hata maneno yanakatika kabla hayajafika mwisho, na macho makubwa yaliyotokeza, ambayo hayajui yatue wapi.

Katika chumba cha kungojea daktari, mgonjwa mwingine asiyemjua anajitia kumweleza dalili za saratani ya tumbo moja baada ya moja, na uongo ambao daktari atamwambia ili kumficha. Watanabe hasemi. Dalili zote ni zake, nasi tunazisoma zikimwingia usoni, na daktari anapotamka uongo uleule uliotabiriwa, hukumu imekwisha kutolewa bila ya neno lenyewe kutamkwa. Baadaye, usiku, katika klabu ya starehe alikopelekwa na mwandishi mmoja wa hadithi, anaomba mpiga piano apige wimbo wa zamani wa mwaka 1915 unaowahimiza wasichana wapende kabla ujana haujapita, naye anauimba. Nimekwisha kusema kwamba Shimura alikuwa na sauti nzuri. Hapa aliinyima kila uzuri. Anaimba karibu bila ya kufungua kinywa, kwa sauti ya chini kama itokayo kaburini, machozi yakimtoka pasipo uso kukunjamana, na wachezaji dansi waliomzunguka wanasimama na kujitenga naye. Mwimbaji asiyejua kuimba asingeweza kufanya hivyo, kwa kuwa asingekuwa na kitu cha kuzuia.

Kisha panakuja jambo ambalo watunzi wengi wasingethubutu. Watanabe anaelewa, katika mkahawa, mbele ya binti aliyeiacha kazi ya afisi ili akatengeneze sungura wa kuchezea watoto, kwamba hata yeye aweza kutengeneza kitu; anashuka ngazi mbio, na vijana walio darini wanamwimbia mwenzao wimbo wa siku ya kuzaliwa, nasi tunausikia kama kwamba ni wake. Anarudi afisini, anatoa jalada la dimbwi lile, na tunajitayarisha kumtazama akipambana. Msimulizi anatukata kauli: miezi mitano baadaye, shujaa wetu alikufa. Theluthi ya mwisho ya filamu ni matanga. Picha yake imetundikwa juu ya madhabahu, wakubwa wa manispaa wamekaa kwa daraja zao, naibu meya anajinasibia kiwanja cha watoto kilichojengwa mahali pa dimbwi, na makarani wanaitikia. Wanaingia akina mama wa mtaa, wanalia kwa uchungu, wanachoma ubani, wanatoka bila ya kumwambia mtu neno, na baada ya hapo hakuna awezaye kusema uongo kwa raha. Kidogo kidogo, sake ikipungua chupani, makarani wanakumbuka: alivyosimama mlangoni pa kila idara akiinama, alivyotishwa na wahuni, alivyoendelea. Askari wa doria analeta kofia aliyoiokota, na anasimulia alivyomwona usiku wa theluji akiwa peke yake juu ya bembea, akiimba wimbo uleule, safari hii kwa furaha.

Ni steringi gani angekubali kuondoka katika filamu yake mwenyewe, na kuacha dakika zaidi ya 50 za mwisho mikononi mwa waigizaji wa nafasi ndogo, yeye akirejea kwa vipande tu, jinsi wengine wanavyomkumbuka? Katika Ikiru mtu wa pembeni anawekwa katikati, kisha anarudishwa pembeni, na ni huko pembeni anakofikia ukamilifu wake. Mwaka 2022 Waingereza waliitengeneza upya kwa jina la Living, wakaihamishia London ya mwaka 1953, na Kazuo Ishiguro aliyeandika maneno yake alimwandikia nafasi ile Bill Nighy, mtu ambaye umashuhuri wake ulijengwa kwa miongo mingi katika nafasi za pili. Sidhani kwamba ni bahati tu. Kisa chenyewe kinachagua mtu wa namna gani akibebe.

Mwaka 1954 uliwapa watazamaji wa Japani filamu mbili ambazo hazijatoka tena katika kumbukumbu ya dunia, na Shimura ni nguzo ya zote mbili. Mwezi wa Aprili ilitoka Shichinin no Samurai, kisa cha wakulima wanaowaajiri samurai saba wawalinde na majambazi, filamu ya dakika 207 ambayo utengenezaji wake ulichukua karibu mwaka mzima. Kambei, kiongozi wa saba hao, tunakutana naye akiwa ameketi kando ya maji ananyolewa. Mwizi amejificha ghalani na mtoto mchanga aliyemteka, na Kambei amekata kishungi chake cha nywele, alama ya heshima ya samurai, ili avae joho la mtawa na kumkaribia mwizi yule akiwa na vitonge viwili vya wali. Tangu hapo hadi mwisho wa filamu Kambei huupitisha mkono juu ya upara ule kila anapofikiri au kuona haya, na ishara hiyo ndogo, isiyosisitizwa hata mara moja, inatukumbusha alichokitoa kwa ajili ya mtoto wa watu asiowajua. Mifune, katika nafasi ya Kikuchiyo, anaruka, anapiga kelele, anachekesha, analiza, na anafanya hivyo kwa uhuru kwa sababu katikati ya kikosi yupo mtu ambaye hatikisiki.

Wamarekani walipoigeuza kuwa filamu ya wachunga ng'ombe mwaka 1960, kiongozi aliigizwa na Yul Brynner, naye anaingia akiwa na silaha, juu ya gari la jeneza, mji mzima ukimtazama anavyokaidi hatari. Ni mwingilio wa fahari, na filamu ile ina utamu wake. Lakini kiongozi amekwisha kuwa steringi, na kwa hiyo ile hali ya samurai kuwa watumishi wa watu wanyonge imepungua nguvu. Kambei anaingia kwa kujivua hadhi. Anaposimama mwishoni mbele ya makaburi ya wenziwe wanne, wakulima wakipanda mpunga kwa nyimbo, na kusema kwamba ushindi ni wa wale, wala si wao, tunamwamini kwa sababu kwa saa tatu na zaidi hatujamwona akiutaka ushindi uwe wake.

Novemba ya mwaka uleule ilitoka Gojira ya Ishiro Honda, ambayo dunia inaijua kwa jina la Godzilla. Mwezi Machi wa mwaka huo wavuvi wa Japani walikuwa wameangukiwa na majivu ya bomu la haidrojeni lililojaribiwa na Marekani katika kisiwa cha Bikini, na watazamaji walioingia ukumbini hawakuhitaji kuelezwa dubwana la baharini lilikuwa na maana gani. Shimura ni Daktari Yamane, mtaalamu wa wanyama wa kale, mtu pekee anayetaka dubwana lisiuliwe bali lichunguzwe, ili ijulikane limewezaje kuishi baada ya mionzi ile. Ni yeye anayetoa neno la mwisho, kwamba majaribio ya mabomu yakiendelea huenda mwingine wa aina yake akatokea. Katika mikono ya mwingine neno hilo lingekuwa tangazo; kwa Shimura ni mawazo ya mzee aliyechoka, anayejisemea mwenyewe. Toho, studio iliyokuwa na mkataba wake, ilimrudisha mara kwa mara katika filamu za madubwana na wavamizi wa angani zilizofuata, akiwa profesa, mhariri wa gazeti au tabibu wa akili, na nyingi katika hizo hazina uzito wa ile ya kwanza. Sijapata kumwona, katika yoyote niliyoitazama, akiidharau kazi aliyopewa.

Wako wanaosema kwamba alikuwa na uso mmoja, mpana na wa huzuni, na kwamba aliutumia uleule kila mahali. Jibu limo katika filamu zenyewe. Katika Warui Yatsu Hodo Yoku Nemuru ya mwaka 1960 yeye ni Moriyama, afisa wa shirika la umma linalokula rushwa, mtu wa majalada kama Watanabe, mwenye macho yaleyale mazito na mwendo uleule wa taratibu. Na kile ambacho katika Ikiru kilikuwa ni uchovu wa mtu mwema, hapa kimekuwa utulivu wa mtu anayehesabu ni nani wa kutolewa kafara. Katika Yojimbo, mwaka uliofuata, ni mfanyabiashara wa pombe mwenye tamaa, na katika Sanjuro ya 1962 ni mmoja wa wakubwa wala njama. Uso ni mmoja, naam. Kilicho nyuma yake hubadilika kila mara, na hilo ni gumu kuliko kubadili ndevu.

Baada ya Akahige ya mwaka 1965, ambayo ndiyo filamu ya mwisho ya Kurosawa pamoja na Mifune, mwongozaji yule aliingia katika miaka ya dhiki na kazi zake zikawa chache, nazo studio zilikuwa zinapoteza watazamaji kwa televisheni, ambamo Shimura naye alipata kazi za uzeeni. Nafasi yake ninayoipenda kuliko zote za kipindi hicho imetoka katika kisa kilichozaliwa kwenye televisheni. Otoko wa Tsurai yo, kisa cha mchuuzi mzururaji Tora, kilianza kama mchezo wa televisheni mwaka 1968, na Yoji Yamada akakifanya filamu mwaka 1969. Shimura ni baba wa bwana arusi, profesa mstaafu aliyekosana na mwanawe kwa miaka mingi, ambaye anatokea arusini bila ya kutarajiwa na kukaa kimya wakati wote, hata watu wanadhani amekuja kuwadhalilisha. Anaposimama kusema, maneno hayamtoki. Kisha anakiri mbele ya wageni kwamba hakuwa baba kwa mwanawe ipasavyo. Yamo matukio mengi ya kuchekesha katika filamu ile, na yote yanasimama kumngoja mzee huyu. Alirudi katika nafasi hiyohiyo mwaka 1971 na tena mwaka 1978, kila mara kwa dakika chache.

Serikali ya Japani ilimtunukia nishani ya utepe wa zambarau mwaka 1974, na Kurosawa alipopata fedha za kutengeneza Kagemusha, iliyotoka 1980, alimwandikia Shimura nafasi maalumu, ingawa mwenziwe alikuwa amepita umri wa miaka 70 na siha yake haikuwa njema. Shimura alifariki dunia tarehe 11 Februari 1982, akiwa na umri wa miaka 76.

Kwa msomaji ambaye hajapata kumwona, shauri langu ni aanze na Ikiru, na aitazame mpaka mwisho wa matanga bila ya kuisimamisha. Kisha aende Shichinin no Samurai, na amfuate Kambei hasa katika yale matukio ambayo wengine ndio wanaosema. Akifika Kagemusha, ahakikishe kwamba nakala aliyonayo ni ile kamili ya dakika 180. Katika nakala ya dakika 162 iliyopelekwa ng'ambo wakati ule, sehemu ya Shimura ndiyo mojawapo ya zilizokatwa, na wengi walioitazama huko hawakujua kabisa kwamba alikuwamo.